Mbuzi Aliyetazama Juu

Kabla jeneza la baba mdogo halijatolewa uani, mzee mmoja wa mtaani alisimama barazani akasema maneno ambayo kila aliyekulia Tanga ameyasikia mara nyingi. Mwenye kumdai marehemu ajitokeze, warithi wake hawa hapa. Na aliyekosewa naye kwa neno au kwa tendo, tunamwombea radhi, mumsamehe. Wanaume wakaitikia kwa sauti moja, "Tumemsamehe." Jeneza likainuliwa, watu wakaanza kupokezana mabega kuelekea makaburini.

Jioni nilimpelekea chai bibi mmoja jirani yetu. Alikuwa ameshinda ndani na akina mama, karibu na dirisha, na kila lililosemwa barazani alilisikia. Nilitaka kumfariji, au labda nilitaka yeye anifariji mimi. Nikamwambia, "Bibi, alhamdulillahi, watu wamemsamehe."

Akapuliza chai yake kwanza. "Wamesamehe waliosamehe, mjukuu wangu. Mimi sijaulizwa."

Mtaa mzima ulijua habari ya mpaka. Miaka mingi nyuma baba mdogo alisogeza ua wa shamba lake, na minazi mitatu ya bibi huyu ikaangukia upande wa pili. Kulikuwa na kikao, kukawa na kikao kingine, mzee mmoja akasema yaliyopita si ndwele, tugange yajayo, na mambo yakanyamaza. Baba mdogo huyohuyo ndiye aliyenilipia ada ya sekondari. Minazi ile nimekunywa madafu yake.

Nafanya kazi ya redio. Kila siku nakaa mbele ya kompyuta na sauti za watu, nazisikiliza, nazikata, naamua sekunde zipi ziende hewani na zipi zifutwe. Mwenzangu mmoja alirudi kutoka masomoni Cape Town akanipa kitabu kinene kilichochakaa kingo. Akasema, "Huyu ni mshairi, lakini aliwahi kuifanya kazi yako. Soma." Kitabu kilikuwa cha Antjie Krog, Country of My Skull, kilichotoka mwaka 1998. Tangu siku hiyo nimetafuta kila nilichoweza kukipata cha mwanamke huyu. Ni mshairi kwanza, na mshairi hadi leo. Ameandika pia masimulizi na riwaya, na kwa miaka mingi, akiwa katika Chuo Kikuu cha Western Cape, amejishughulisha na swali moja: watu wanaposema wamesamehe, wanasema nini hasa? Sijaona mwandishi mwingine aliyenisaidia zaidi kulielewa neno la bibi.

Alizaliwa mwaka 1952 katika mji wa Kroonstad, jimbo la Free State, Afrika Kusini, akalelewa shambani. Mama yake, Dot Serfontein, alikuwa mwandishi mwenye jina katika lugha ya Kiafrikana. Kwetu sisi tuliokulia Tanzania, watu wa nyumba ile tuliwajua kwa neno moja tu: Makaburu. Lilikuwa neno la adui. Vijana weusi wa Afrika Kusini waliokimbia utawala wa Makaburu walikuja kusoma Mazimbu, Morogoro, kwenye shule iliyopewa jina la Solomon Mahlangu, na hadithi zao ndizo zilizotufundisha Kaburu ni nani. Sikutegemea kumsoma Kaburu na kulazimika kufunga kitabu katikati ya ukurasa ili nipumue.

Mwaka 1970, akiwa na miaka 17, Krog aliandika shairi kwa ajili ya jarida la shule yao. Anajijengea nchi ambamo ngozi haihesabiwi, inahesabiwa akili tu. Hakuna mwenye uso wa mbuzi atakayekaa bungeni aizuie nchi isiende mbele. Mweusi na mweupe wanashikana mikono na kuleta amani. Mji ukachafuka, magazeti yakaandika. Shairi likavuka bahari, likatafsiriwa na kuchapishwa katika Sechaba, jarida la chama cha ukombozi cha ANC lililotolewa London. Mwaka huohuo ikatoka diwani yake ya kwanza, Dogter van Jefta. Na mwaka 1989, Ahmed Kathrada, mwanaharakati wa ANC, alipotoka gerezani baada ya miaka 26, alilisoma shairi lile mbele ya umati wa watu Soweto. Shairi la mtoto wa shule wa Kikaburu, likasomwa na mtu aliyefungwa na serikali ya Makaburu.

Miaka ya katikati naipita haraka, ingawa ilikuwa na kazi nyingi: diwani baada ya diwani kwa Kiafrikana, Lady Anne ya mwaka 1989 iliyompatia Tuzo ya Hertzog, kazi ya ualimu, na kujiunga kwake na harakati za wanamapinduzi weusi wa mji wake. Kuna kitabu kifupi tu cha kipindi hicho ambacho siwezi kukiruka, Relaas van 'n moord cha mwaka 1995. Kinahusu mauaji ya kiongozi wa genge katika mtaa wa watu weusi wa Kroonstad. Waliohusika walikuwa wenzake wa harakati, na Krog akajikuta ameburuzwa ndani ya tukio lile hadi mahakamani. Kwa mara ya kwanza anajiuliza kwa wino kama mtu anaweza kuwa upande wa haki na bado mikono yake ikanuka damu. Swali hilo alikuwa nalo tayari Tume ilipoanza.

Tume ya Ukweli na Maridhiano ya Afrika Kusini, ya kuchunguza maovu ya wakati wa ubaguzi wa rangi, iliundwa kwa sheria ya mwaka 1995, mwenyekiti akiwa Askofu Mkuu Desmond Tutu. Kikao cha kwanza cha kusikiliza wahanga kilifanyika East London mwezi Aprili 1996. Krog aliongoza timu ya redio ya shirika la utangazaji la taifa, SABC, akitangaza kwa jina la ndoa, Antjie Samuel. Walizunguka na Tume nchi nzima, kutoka ukumbi wa kanisa hadi ukumbi wa manispaa, hedifoni masikioni.

Naomba nikae hapa kidogo, kwa sababu hapa ndipo ninapopajua. Shahidi alizungumza lugha yake. Mkalimani alikuwa ndani ya kibanda cha kioo, akitafsiri papo kwa papo, na utaratibu ulimtaka aseme "mimi". Hakusema "anasema mumewe aliuawa." Alisema "mume wangu aliuawa." Siku nzima, kesi baada ya kesi, mkalimani alikuwa mjane, halafu baba, halafu polisi aliyeua. Nami nimewahi kutafsiri sauti ya mama mmoja kwa ajili ya kipindi, dakika sita tu, nikisema "mimi" kwa niaba yake. Usiku ule sikulala. Wale walifanya hivyo kwa zaidi ya miaka miwili.

Siku ya pili ya kikao cha East London aliketi Nomonde Calata. Mumewe, Fort Calata, alikuwa mmoja wa wanaharakati wanne wa mji wa Cradock waliouawa na polisi mwaka 1985. Akiwa katikati ya maelezo yake aliegemea nyuma, akatoa ukelele. Haukuwa neno la lugha yoyote, na mkalimani hakuwa na la kutafsiri. Kikao kikaahirishwa, na waliporudi Tutu akaanzisha wimbo wa Senzeni na, tumekosa nini. Katika kitabu cha Krog, ukelele ule ndio mwanzo halisi wa Tume; yote yaliyotangulia yalikuwa hotuba. Halafu anaonyesha kazi ya redio jinsi ilivyo. Taarifa ya habari inakupa sekunde 20. Unakata wapi? Unaanza kabla ya ukelele au baada? Ukiuweka wote, msikilizaji aliye jikoni atazima redio. Ukiukata, umemnyang'anya mama yule kitu pekee alichokisema bila kusaidiwa na mtu. Najua mhariri anavyoinamia meza akirudia sauti ileile mara kumi na tano ili apate mahali pa kukata. Krog anaandika kwamba nywele zilimnyonyoka na vipele vikamtoka. Namwamini.

Kilichomuumiza zaidi kilikuwa majina. Wauaji wengi waliotajwa walikuwa na majina ya ukoo kama ya kwao. Country of My Skull amekiweka wakfu kwa kila mhanga aliyekuwa na jina la Kikaburu mdomoni mwake. Mwishoni mwa kitabu kuna shairi. Baada ya mamia ya kurasa za ushahidi wa watu wengine, anaomba mwenyewe: nisamehe, nisamehe, nisamehe, wewe niliyekukosea, tafadhali nichukue twende pamoja. Nimelisoma shairi hilo kwa sauti studio ikiwa tupu. Anayesema hivyo hakumuua mtu. Lakini kikao kilikuwa chake pia, na hakukaa kimya kusubiri wengine waitikie kwa niaba yake.

Tarehe 3 Machi 1986, huko Gugulethu, mtaa wa watu weusi wa Cape Town, polisi waliwavizia vijana saba na kuwaua. Mtego ulikuwa umetegwa mapema: miongoni mwa vijana wale waliingizwa watu wa polisi, wakawafunza silaha, wakawaongoza hadi mahali pa kufia. Baadhi ya akina mama walijua kwenye televisheni. Cynthia Ngewu alimwona mwanawe, Christopher Piet, akiburutwa kwa kamba. Tume ilipoonyesha mkanda wa video wa polisi ukumbini, akina mama walilia, na mmoja akavua kiatu akakirusha.

Ni Cynthia Ngewu huyu aliyesema maneno ambayo Krog ameyarudia katika maandishi yake mengi. Alisema: "Hiki kitu kinachoitwa maridhiano, ikiwa ninakielewa sawasawa, ikiwa maana yake ni kwamba mtu huyu aliyemuua Christopher Piet atakuwa binadamu tena, ili mimi, ili sisi sote, turudishiwe utu wetu, basi nakubali, nakiunga mkono chote."

Katika makala ya mwaka 2008, Krog anayachukua maneno haya na kuyaheshimu kama falsafa kamili. Anasema wasomi wengi wa Magharibi hutenganisha msamaha na maridhiano: msamaha ni jambo la moyo wa mtu mmoja, maridhiano ni jambo la siasa, na moja linaweza kuwepo bila lingine. Wengine wakawasikia akina mama hawa wakidhani ni Ukristo tu unaosema, kwamba wanasamehe kwa kuwa Yesu alisamehe. Krog anasema hapana, sikilizeni tena. Muuaji alipoua alipoteza utu wake. Utu wake na wa mama hauna mpaka katikati, kwa hiyo mama naye amepungukiwa. Kumsamehe ni kumfungulia njia arudi kuwa mtu, na akirudi, mama naye anakamilika. Msamaha na maridhiano hapo ni tendo moja.

Msomaji wa Kiswahili haihitaji nadharia hii ielezwe mara mbili. Tunasema "fulani si mtu" na hakuna anayeuliza kwani ni nini. Tunasema mtu ni watu. Waxhosa wana ubuntu, sisi tuna utu, shina ni lilelile. Hata neno maridhiano, lenye mzizi wa Kiarabu, tulipolichukua tulilipachika kile kiambishi chetu cha kutendana, na hakuna mtu anayeweza kuridhiana peke yake chumbani. Waxhosa waliita kazi ya Tume uxolelwaniso, na humo ndani mna -an- ileile. Kusamehe unaweza kusamehe ukiwa umelala kitandani, adui yako asijue. Kuridhiana lazima mkae. Nilipoliona hili niliandika pembezoni mwa kitabu, kwa penseli: sijaulizwa.

Miongoni mwa polisi wale alikuwemo mweusi mmoja, Thapelo Mbelo, aliyeomba kukutana na akina mama uso kwa uso, na mkutano ule ulirekodiwa. Baadhi yao walimwambia hasira zao bila kupunguza. Mmoja akamuuliza juu ya jina lake, kwa kuwa thapelo kwa Kisotho ni sala, kisha akamwita mwanangu na kumwambia amemsamehe. Filamu na vitabu vingi vikabeba kipande hicho, na sishangai. Mimi pia ningekikata hapohapo.

Lakini kulikuwa na mama mwingine ambaye hakukatika vizuri. Jina lake Notrose Nobomvu Konile, mama yake Zabonke. Aliishi Indwe, mji mdogo wa Eastern Cape wenye makaa ya mawe, mbali sana na Cape Town alikouawa mwanawe. Alitoa ushahidi pamoja na wenzake Aprili 1996, na ukiusoma ushahidi wake kama ulivyowekwa kwenye kumbukumbu za Tume, kwa Kiingereza, utadhani mama huyu amechanganyikiwa. Anaanza kueleza jinsi mjumbe alivyofika, ghafla anasimulia ndoto: alimwona mbuzi, mbuzi ametazama juu, na aliyekuwa karibu naye akasema ndoto hiyo ni mbaya sana. Halafu kuna makaa, kuna jiwe lililomwangukia. Yuko wapi mwanawe katika maelezo haya? Uko wapi msamaha? Hata jina lake la ukoo liliandikwa vibaya, likawa Khonele.

Krog alikuwa mmoja wa waliomsikia bila kumwelewa. Miaka baadaye alirudi. Akawatafuta wenzake wawili wa Western Cape: Nosisi Mpolweni, mwalimu wa Kixhosa, na Kopano Ratele, mwanasaikolojia. Wakatafuta kanda zenyewe zenye sauti ya mama Konile kwa Kixhosa. Mpolweni akaziandika upya, akazitafsiri upya, neno kwa neno. Wakakuta mambo yaliyodondoka kibandani mwa mkalimani, na sentensi zilizogeuzwa zikapoteza mantiki yake. Kisha wakasafiri hadi Indwe kumwona. Kitabu chao, There Was This Goat, kilitoka mwaka 2009, watu watatu wakiandika kwa pamoja juu ya ushahidi mmoja wa mwanamke mmoja.

Kwa Waxhosa mbuzi si mnyama wa kuchinjwa sikukuu tu. Anachinjwa pale wazee waliotangulia wanapotakiwa kusikia, wanapohitaji kusema na walio hai. Mama Konile hakuwa ametoka nje ya habari alipomtaja mbuzi. Alikuwa anaiambia Tume, kwa ufupi wa mtu anayejua kwamba wasikilizaji wanaelewa: waliotangulia walinipa habari ya mwanangu kabla ya mjumbe hajafika, maana mimi na mwanangu na wao ni kamba moja. Na jiwe lilikuwa jiwe kweli. Alikuwa akiokota makaa ili aishi, na likamwangukia. Alikuwa akieleza mama aliyefiwa na mwanawe anaishi vipi. Yote yalifuatana, aliyepotea njia ni ukumbi.

Kuna jambo dogo ambalo linanigusa kila ninapolikumbuka. Wazulu humwita mbuzi imbuzi, karibu kama sisi. Waxhosa husema ibhokhwe, neno walilolichukua kutoka bok, mbuzi wa Kiafrikana. Msichana wa Kroonstad alilitumia bok hilo mwaka 1970 kuwadhihaki wabunge wa watu wake. Miaka kadhaa baadaye, neno la watu haohao lilikuwa tayari ndani ya ndoto ya mwanamke wa Indwe, likibeba habari za wafu. Ni mtu wa lugha tu ambaye angerudi kumtafuta mbuzi yule. Mwanasheria asingerudi, alishapata alichokitaka: tarehe, mahali, jina la marehemu.

Mama Konile hakulitoa lile neno ambalo ukumbi ulizoea kulipokea na kulishangilia. Kwangu mimi, yeye ana uzito sawa na Cynthia Ngewu, na kama ningelazimishwa kuchagua ningemchagua yeye. Ngewu alitupa maana ya msamaha. Konile anatuonyesha kwamba mtu akipewa dakika chache, kwa lugha atakayokatiwa, mbele ya meza inayosubiri neno fulani, hajaulizwa bado. Tumeweka kipaza sauti mbele yake tu.

Sitaki kuifanya Tume kuwa kitu kitakatifu. Sheria yake ilitaka mwombaji wa msamaha wa kisheria aseme ukweli wote na athibitishe kwamba alitenda kwa sababu ya kisiasa. Haikumtaka ajute wala aombe radhi. Waombaji walikuwa 7,112, waliopewa ni 849. Wahanga waliotambuliwa wengi walipata randi 30,000 kwa mara moja, tena baada ya kusubiri hadi miaka ya 2000. Mahmood Mamdani, msomi wetu wa Kampala, alisema mapema kwamba Tume ilibana sana maana ya mhanga: iliwaona walioteswa na kuuawa kwa siasa, ikawaacha mamilioni waliofukuzwa kwenye ardhi na kukamatwa kwa sababu ya vitambulisho vya kupita. Ni hoja nzito na Krog mwenyewe hakuikwepa; ardhi inarudi katika maandishi yake ya baadaye. Kenya nao walikuwa na tume yao, wakaliongeza neno Haki katikati ya Ukweli na Maridhiano, ripoti ikakabidhiwa kwa rais Mei 2013. Watu wa Wagalla, kulikofanyika mauaji ya mwaka 1984, walisema yao. Wengi wao bado wanasubiri.

Na kuhusu Krog nina kigugumizi kimoja. Maneno ya akina mama wale, akiyapanga mistari kama mashairi, yamempa yeye tuzo na safari za dunia nzima. Anaweza kusamehewa na nani, na aombe radhi kwa nani, kwa hilo? Sioni kwamba amelifunga swali. Lakini naona alivyolijibu kwa kazi: kitabu cha mbuzi hakikuwa na jina lake peke yake, na ndani yake anakubali kusahihishwa na wenzake weusi, ukurasa kwa ukurasa, juu ya mambo aliyodhani anayajua. Si jambo dogo kwa mwandishi mwenye jina. Mwaka 2025, akiwa ameshapita miaka 70, alitoa riwaya ya maisha yake mwenyewe, Blood's Inner Rhyme, kuhusu mama yake mzee, damu na ardhi. Amerudi Kroonstad, kwa mama mwandishi ambaye hawakukubaliana katika siasa na ambaye hakuacha kumpenda. Nadhani huko ndiko mtu anayechunguza msamaha huishia, nyumbani.

Ndiko nilikoishia na mimi. Mwaka jana, wakati wa likizo, nilikwenda kwa bibi asubuhi, na kilo mbili za sukari na kanga. Nikakaa mkekani, chini ya kiti chake. Sikumwambia naomba umsamehe baba mdogo. Nilimwambia, "Bibi, mimi ni mtoto wa nyumba ile, na ada yangu ililipwa na mtu aliyekudhulumu. Nimekuja kukuuliza. Ilikuwaje?"

Akakaa kimya muda mrefu, akivunjavunja kipande cha muhogo ambacho hakukila. Kisha akaniambia niweke simu mbali kidogo kama nataka kumrekodi, isimtazame. Akaanza. Alianza na mwaka alioolewa, na mahari yake, na mama mkwe aliyemkataza kupanda mihogo upande wa barabara. Akaeleza ukame, akaeleza bei ya mbata ilivyokuwa, akaimba kidogo wimbo wa kuvunia. Mkono wangu wa kazi ulikuwa ukiwasha. Masikio yangu yalishaanza kutafuta mahali pa kukata. Nikaukalia mkono huo.

Kurekodi kulifika saa moja na dakika arobaini. Mjukuu wake akaleta chai. Bibi akanyosha miguu, akaniambia nije tena Alhamisi, maana hata mnazi wa kwanza bado hatujaufikia.